Nyumba Hii ni ya Nani? Mwongozo wa Kusoma Riwaya za Kigothi

Ukifungua riwaya ya Kigothi kwa mara ya kwanza, utakutana na vitu ulivyokwisha kuviona kwenye filamu: ngome juu ya jabali, ngazi ya kuzunguka, mshumaa unaozimwa na upepo, picha ya marehemu inayokodoa macho, msichana anayekimbia gizani na vazi la kulalia. Miongozo mingi huishia hapo, ikakupa orodha ya vikorombwezo na kukuacha uendelee mwenyewe. Orodha hiyo ni ya kweli, ila haimfikishi mtu mbali; ni sawa na kumfundisha mgeni mchezo wa bao kwa kumhesabia kete na mashimo bila kumwonyesha jinsi ya kula. Mwongozo huu unashika njia nyingine. Hoja yake ni kwamba riwaya ya Kigothi, tangu ile ya kwanza kabisa, ni kesi ya mirathi iliyokosa mahakama: nyumba imo mikononi mwa asiyestahili, au imesimama juu ya mali ya dhuluma, na mzuka ni mdai aliyechoka kungoja. Soma huku ukijiuliza swali moja tu, nyumba hii ni ya nani, na vikorombwezo vyote vitakaa mahali pake.

Tusi lililogeuzwa pambo

Anza na neno lenyewe, maana lilizaliwa likiwa tusi. Wagothi walikuwa watu wa makabila ya Kijerumani, na mwaka 410 waliuteka na kuupora mji wa Roma. Zaidi ya miaka elfu moja baadaye, wasomi wa Italia waliopenda majengo ya Kirumi waliyabeza makanisa ya zama za kati, yale yenye matao yaliyochongoka, wakayaita kazi ya Wagothi. Giorgio Vasari, mchoraji na mwandishi wa karne ya 16, ni mmoja wa walioieneza dharau hiyo. Wagothi hawakujenga hata kanisa moja kati ya hayo, lakini jina liliganda. Kufikia karne ya 18, Mwingereza aliyesema kitu ni cha Kigothi alimaanisha kuwa ni cha kishamba na kimepitwa na wakati. Ndipo akatokea Horace Walpole, mbunge na mtoto wa Robert Walpole anayehesabiwa kuwa waziri mkuu wa kwanza wa Uingereza. Kuanzia mwaka 1749 aliigeuza nyumba yake ya Strawberry Hill, huko Twickenham karibu na mto Thames, ifanane na ngome ya kale, akaipa matao, vioo vya rangi na minara, ingawa baadhi ya nakshi za dari zilikuwa karatasi iliyopondwa na kufinyangwa. Alijijengea ngome ya mababu ambayo mababu zake hawakuwahi kuikanyaga.

Humo ndimo alimoota, kwa maelezo yake mwenyewe katika barua ya mwaka 1765, kwamba yumo ndani ya ngome ya kale, na juu kabisa ya ngazi kuu anaona mkono mkubwa mno uliovaa deraya umeshika ukingo. Jioni yake aliketi kuandika bila kujua anakokwenda. Kitabu kilichotoka, The Castle of Otranto, kilichapishwa Desemba 1764 bila jina lake. Ukurasa wa mbele ulidai kwamba ni tafsiri ya William Marshal kutoka Kiitalia cha kasisi mmoja, Onuphrio Muralto, na dibaji ikaeleza kwamba nakala ya asili ilichapwa Naples mwaka 1529, ikaja kukutwa katika maktaba ya familia ya Kikatoliki kaskazini mwa Uingereza. Mfasiri, kasisi na maktaba, vyote vilikuwa vya kubuni. Kitabu kilipopendwa, Walpole alijitokeza katika toleo la pili la mwaka 1765, na hapo ndipo alipoipa kazi yake jina dogo la hadithi ya Kigothi. Usiipite habari hii haraka. Aina hii nzima ya fasihi ilianza na hati ya kughushi, na punde utaona kwamba ndani ya hadithi yenyewe imo hati nyingine ya kughushi.

Kofia ya chuma uani

Itazame Otranto kwa karibu, maana kila kilichofuata kimetoka humo. Ni siku ya harusi. Bwana wa ngome, Manfred, anamwoza mwanawe wa pekee wa kiume, Conrad, kijana mgonjwa, kwa binti aitwaye Isabella. Kabla ya kufungwa ndoa, watumishi wanakimbilia uani na kumkuta bwana harusi amepondwapondwa chini ya kofia ya chuma ya kivita, kubwa mara mia kuliko kofia yoyote aliyopata kutengenezewa binadamu, yenye manyoya meusi ya kulingana na ukubwa wake. Msomaji wa leo hucheka, na wa mwaka 1764 pia alikuwa na ruhusa ya kucheka. Lakini angalia Manfred anafanya nini. Halii kwa muda mrefu. Anamwambia Isabella kwamba atamwacha mke wake, Hippolita, amwoe yeye mwenyewe, kwa sababu anahitaji mrithi wa kiume kabla jua halijazama juu ya ukoo wake. Msichana anakimbilia njia ya chini ya ardhi, picha ya babu wa Manfred inashuka ukutani na kutembea, na viungo vingine vya deraya kubwa vinaanza kuonekana hapa na pale, mguu huku, mkono kule.

Ufunguo upo katika utabiri uliotajwa ukurasa wa kwanza: ngome itatoka mikononi mwa ukoo huu siku mwenyewe wa haki atakapokuwa mkubwa kiasi cha kutoenea ndani yake. Mwishoni tunaambiwa siri. Babu wa Manfred, Ricardo, alikuwa mtumishi wa Alfonso, bwana wa zamani wa Otranto. Akamtilia sumu, kisha akatoa wasia wa kughushi uliomfanya yeye mrithi. Kofia, mkono na mguu ni vya Alfonso, anayekua vizazi vitatu mpaka kuta zinapasuka, na kijana mkulima Theodore anajulikana kuwa ndiye mrithi wa kweli. Ondoa mizuka yote humo na bado utabaki na shauri ambalo hakimu yeyote wa mirathi angelitambua: marehemu, wasia wa uongo, mjukuu wa mdhulumu aliyekalia mali, na mjukuu wa mdhulumiwa anayelima. Mizuka imekuja kufanya kazi ambayo mahakama haikuifanya.

Maswali manne ya kwenda nayo

Swali la kwanza ni hilo la kichwa cha makala haya: nani anaishi humu, na nani alistahili? Msomaji wa Kiswahili ana bahati hapa, kwa kuwa lugha yake imekwisha kufanya nusu ya kazi. Kwetu nyumba ni kuta na paa, na nyumba pia ni mke na watoto. Mlango ni mbao za kupitia, na mlango pia ni tawi la ukoo. Edgar Allan Poe alilazimika kueleza jambo hili kwa Kiingereza katika hadithi yake ya mwaka 1839 kuhusu kuanguka kwa nyumba ya Usher: anasema wanavijiji waliozunguka walitumia jina moja kwa jengo na kwa ukoo. Ukoo huo umeteremka kwa mstari mmoja tu, bila matawi, na sasa wamebaki kaka na dada, wote wagonjwa. Kwenye ukuta wa mbele upo ufa mwembamba unaoanzia kwenye paa na kupotelea katika maji ya ziwa. Dada anazikwa angali hai katika chumba cha chini, anatoka, anamwangukia kaka yake, wote wawili wanakufa, na ufa unafunguka. Hapa hakuna mnyang'anyi. Kuna urithi usio na wa kuurithi. Kwa hiyo unaposoma maelezo ya jengo, usiyaruke ukidhani ni mapambo. Ufa, bawa lililofungwa, chumba kisicho na ufunguo: kila kimojawapo kinakwambia habari ya mlango wa ukoo kabla wahusika hawajafumbua mdomo.

Swali la pili: karatasi iko wapi? Riwaya ya Kigothi imejaa barua, wasia, shajara na miswada iliyoliwa na panya, na mara nyingi karatasi ndiyo inayoshika siri ambayo mzuka anaidokeza tu. Mfano mzuri kuliko yote umo katika The Mysteries of Udolpho ya Ann Radcliffe, kitabu cha mwaka 1794 alicholipwa pauni 500, fedha nyingi sana kwa mwandishi wa wakati ule. Emily, yatima wa Kifaransa, amepelekwa kwenye ngome ya Udolpho katika milima ya Italia. Katika chumba kimoja anaona fremu iliyofunikwa kwa pazia jeusi. Analifunua, anaanguka na kuzimia. Radcliffe hatuambii aliona nini. Anatuacha na wahaka wetu kwa mamia ya kurasa, na karibu na mwisho ndipo anapofichua: ilikuwa sanamu ya nta, ya maiti iliyokwisha kuanza kuoza. Wengi huona wamechezewa. Lakini soma maelezo yenyewe kwa utulivu. Sanamu ile iliwekwa kwa sababu bwana mmoja wa zamani wa Udolpho alipewa na Kanisa adhabu ya kuitazama kila siku, naye akaacha wasia kwamba warithi wake waihifadhi, la sivyo sehemu ya ardhi yao ichukuliwe na Kanisa. Nyuma ya pazia mashuhuri kuliko yote katika fasihi ya kutisha palikuwa na sharti la wasia.

Swali la tatu: nani anasukumwa atie saini? Katika Udolpho hiyohiyo, mwenye ngome, Montoni, amemwoa shangazi yake Emily akitarajia mali. Anamtaka mkewe amwandikie mashamba yake ya Ufaransa. Mke anakataa, anafungiwa mnarani, anaugua na kufa. Mashamba yanakwenda kwa Emily, na sasa Montoni anamgeukia yeye na karatasi ileile. Kwa hiyo ukiona msichana anakimbia gizani katika riwaya hizi, usiulize tu anamkimbia nani. Uliza jina lake limeandikwa kwenye mali gani. Kwa sheria ya Uingereza ya wakati ule, mali ya mwanamke aliyeolewa iliingia chini ya mamlaka ya mume, na hali hiyo haikubadilishwa kwa dhati mpaka sheria za 1870 na 1882. Wasomaji wengi wa riwaya hizi walikuwa wanawake, na ngome ya Italia iliwapa nafasi ya kutazama kwa mbali jambo lililokuwa sebuleni mwao. Charlotte Brontë alilirudisha nyumbani kabisa mwaka 1847. Katika Jane Eyre, kicheko kinachosikika usiku ghorofa ya juu ya Thornfield ni cha Bertha, mke wa Rochester, aliyefungiwa darini. Alitokea Jamaika, na alikuja na pauni 30,000 alizotoa baba yake, kinyume cha mahari yetu. Baba yake Rochester hakutaka kuigawa ardhi, akampa yote kaka mkubwa, na mdogo akamtafutia mke tajiri. Kwa maneno mengine, mwanamke wa darini ni hesabu ya mirathi inayopumua. Na Jane mwenyewe anapokuja kurithi pauni 20,000 kutoka kwa ami yake, jambo la kwanza analofanya ni kuzigawa sawa kwa watu wanne, 5,000 kila mmoja. Ni mgawanyo mmojawapo wa nadra katika fasihi hii usioacha mzuka nyuma.

Swali la nne: mzuka anadai nini? Wanafunzi wa fasihi hupoteza muda mwingi wakijadili kama mzuka ni wa kweli. Radcliffe alikuwa na mtindo wa kueleza kila ajabu kwa sababu za kawaida, huku Matthew Lewis katika The Monk ya mwaka 1796 akimleta Shetani mwenyewe bila haya, na mabishano kati ya njia hizo mbili hayajaisha. Kwa msomaji, hiyo ni tofauti ya ladha. Hofu ya Radcliffe ni ya kungoja, ya mkono ulio juu ya kitasa. Ya Lewis ni ya kuona, ya mlango uliokwisha funguka. Kinachodumu katika zote mbili ni dai. Mganga wa pwani, pepo anapopanda kichwani mwa mgonjwa, haanzi kwa kubishana kama pepo yupo. Humuuliza jina lake na anachotaka. Msome mzuka wa Kigothi kwa adabu hiyohiyo. Ukimsoma hivyo, utaelewa kwa nini Toni Morrison, Mmarekani Mweusi aliyeandika Beloved mwaka 1987, alichukua nyumba yenye mzuka na kuiweka Ohio baada ya utumwa. Mzuka wa nyumba namba 124 ni mtoto aliyeuawa na mama yake ili asirudishwe utumwani. Katika nchi ambayo binadamu mwenyewe alikuwa amewahi kuandikwa kuwa mali ya mtu, swali la nani mwenye nini linaingia mpaka ndani ya damu.

Kwa nini fasihi hii ilizuka pale na wakati ule

Hoja hii haitegemei vitabu peke yake. Historia ya nchi ilikozaliwa fasihi hii inaishuhudia. Kati ya 1536 na 1540 Mfalme Henry VIII alizifunga nyumba za watawa za Uingereza, akatwaa ardhi yao na kuigawa au kuiuza kwa wakubwa. Ndiyo maana majumba mengi ya kifahari ya nchi hiyo yaliitwa abasia ingawa hapakuwa na mtawa hata mmoja ndani yake. Newstead Abbey, nyumba ya ukoo wa mshairi Byron, ni mojawapo. Mtu aliweza kula chakula cha jioni katika ukumbi ambao waliosali humo walifukuzwa, na magofu ya kanisa lao yakionekana dirishani. Karne ya 18 iliongeza safu nyingine ya mali. Walpole aliishi kwa mapato ya vyeo vya serikali visivyo na kazi alivyopatiwa na baba yake. Lewis alirithi mashamba mawili ya Jamaika pamoja na mamia ya watumwa, na alifariki baharini mwaka 1818 akitoka kuyakagua. William Beckford, mwandishi wa Vathek ya mwaka 1786, alirithi akiwa mtoto wa miaka tisa au kumi utajiri mkubwa uliotokana na sukari ya Jamaika na jasho la watumwa, akautumia kujenga Fonthill Abbey, abasia ambayo haikuwahi kuwa na watawa, yenye mnara uliozidi mita 80. Aliiuza mwaka 1822. Mwaka 1825 mnara ulianguka wenyewe. Sisemi kwamba waandishi hawa walikuwa wakitubu. Walpole na Beckford walijifurahisha kwa ngome zao. Ninachosema ni kwamba waliijua vizuri, kutoka ndani, hali ya kukaa katika fahari ambayo asili yake haisemwi mezani, na hali hiyo ndiyo malighafi ya kila hadithi ya Kigothi.

Pingamizi, na majibu yake

Pingamizi la kwanza ni kwamba yote haya ni kutia ugumu jambo jepesi: watu hupenda kuogopa, basi. Mwanafalsafa Edmund Burke alikwisha kueleza mwaka 1757 kwamba kitisho kikitazamwa kutoka mahali salama huleta raha ya namna yake, na miaka saba baadaye Otranto ikatoka. Ni kweli, na ukitaka kujua kwa nini hofu inapendeza, Burke atakusaidia. Lakini Burke alizungumzia giza, ukubwa, bahari na radi. Kama raha ya hofu ingetosha, riwaya hizi zingeweza kuwekwa baharini au jangwani. Badala yake, kizazi baada ya kizazi, zimerudi ndani ya nyumba, na nyumba hiyo karibu kila mara ina jina la ukoo. Raha ya hofu inatueleza kwa nini wasomaji walinunua. Haituelezi kwa nini walichonunua kilikuwa na hati na wasia.

Pingamizi la pili ni zito zaidi: riwaya za Uingereza za wakati huo karibu zote zinahusu mirathi na ndoa, hata zisizo na mzuka. Je, Kigothi kina nini cha pekee? Jibu zuri limo kwa mtu aliyekikejeli. Jane Austen, katika Northanger Abbey iliyotoka mwisho wa 1817, anamwonyesha Catherine Morland, binti aliyelewa riwaya za Radcliffe, akialikwa katika abasia ya zamani. Usiku anapekua kabati, anakuta karatasi zimeviringishwa, mshumaa unazimika, anakesha kwa hofu. Asubuhi anazisoma: ni hesabu za dobi. Hapo msomaji hucheka na kudhani hoja imekwisha. Lakini endelea. Mwenye nyumba, Jenerali Tilney, aliyemkaribisha akidhani ni mrithi wa mali nyingi, anagundua kwamba si tajiri, akamfukuza alfajiri, asafiri peke yake maili 70. Hakukuwa na mauaji; kulikuwa na ukatili wa hesabu. Austen amevua vikorombwezo na kubakiza mifupa, na mifupa ni ileile. Tofauti ya aina hizi mbili iko katika muda. Katika riwaya ya kawaida shauri huisha kwa harusi au kwa wakili, na mwenye kuchelewa hukosa. Katika ile ya Kigothi hakuna dai linalochakaa: wafu nao ni wenye kesi, na jengo linatoa ushahidi.

Pingamizi la tatu linataja vitabu viwili vikubwa ambavyo havina ngome iliyoporwa. Frankenstein ya Mary Shelley, ya mwaka 1818, ina maabara na barafu. Dracula ya Bram Stoker, ya mwaka 1897, ina mtu anayenunua nyumba kihalali. Frankenstein inaingia ukiona kwamba kiumbe ni mtoto asiyetambuliwa. Akiwa amejificha nyuma ya ukuta wa familia maskini, anasikia masomo yakisomwa, anajifunza jinsi binadamu walivyogawana mali, nasaba na vyeo, kisha anajitazama na kuona hana fedha, hana ndugu, hana hata jina. Madai yake kwa Victor, aliyemuumba, ni ya mwana kwa baba: matunzo, na mwenza. Dracula ni ngumu zaidi, na nakiri kwamba hoja yangu inanyooshwa hapo. Hata hivyo angalia kitabu kinaanzaje. Jonathan Harker ni wakili mchanga aliyetumwa Transylvania kukamilisha ununuzi wa nyumba ya Carfax, yenye eneo la ekari 20 karibu na London, na amebeba picha zake alizozipiga kwa kamera ya Kodak. Katika maktaba ya mwenyeji wake anakuta vitabu vya anwani za London na orodha ya mawakili. Baadaye anaingia chumba chenye lundo la dhahabu ya Kirumi, ya Kituruki, ya Kigiriki, hakuna sarafu ambayo haijatimiza miaka 300. Stoker ameigeuza kesi: safari hii aliyekufa hangoji kudaiwa wala kudai, anakuja mjini na fedha za vita vya kale, analipa, na sheria inampigia muhuri. Anayeona hilo ni jambo la kawaida na ajaribu kusoma kurasa hizo akiwa peke yake.

Pingamizi la nne ni letu. Msomaji aliyekulia Pemba, Lamu au Tanga anaweza kusema kwamba mizuka si habari kwake, na kwamba hofu ya Mwingereza aliyeambiwa mizuka haipo haimhusu. Sehemu ya kwanza ni sahihi. Walpole aliwaandikia watu walioona haya kuamini, na ndiyo sababu aliisukuma hadithi yake hadi Italia ya zamani, na waliomfuata wakaendelea kuziweka zao Italia, Hispania au katika karne zilizopita. Kama huna haya hiyo, chombo kimoja cha waandishi hawa, shaka, hakitakukata sana. Lakini dai litakukata. Muhammed Said Abdulla, katika Mzimu wa Watu wa Kale ya mwaka 1960, anamwacha mpelelezi wake, Bwana Msa, atafute mkono wa binadamu nyuma ya mauaji yanayohusishwa na mahali pa mizimu, njia ambayo Radcliffe angeitambua mara moja. Na Said Ahmed Mohamed, katika Babu Alipofufuka ya mwaka 2001, anamfufua babu aje kumsumbua mjukuu aliyenona kwa mali ya umma. Sidai kwamba vitabu hivi ni watoto wa Otranto. Nasema msomaji wa Kiswahili anapofika Otranto, swali la kuuliza analo tayari mfukoni.

Pa kuanzia

Usianze na Udolpho. Ni ndefu, na maelezo yake ya milima yatakuchosha kabla hujafika ngomeni. Anza na hadithi ya Poe, unayoweza kuimaliza kwa kikao kimoja, uzoee kuusoma ukuta kama unavyosoma uso. Kisha Otranto, ambayo ni fupi na ya ajabu, uione mashine ikiwa uchi. Halafu ingia Jane Eyre au Dracula. Vitabu hivi vya zamani vimekwisha toka katika hakimiliki na hupatikana bure mtandaoni. Weka karatasi pembeni yenye safu tatu: anayeishi, aliyestahili, na hati. Kila inapotokea barua, wasia, maandishi ukutani au saini, andika ukurasa. Safu ya kati ikibaki tupu kwa muda mrefu, ongeza umakini. Mwandishi anakuficha kitu, na kwa kawaida amekificha palepale ulipopita kwa haraka.

Safu hizo zitakufaa zaidi utakapofika Wuthering Heights ya Emily Brontë, iliyotoka mwaka 1847. Kitabu kinafunguka mwaka 1801, mgeni akiwa kizingitini, na juu ya mlango anaona maandishi yaliyochongwa: tarakimu 1500 na jina Hareton Earnshaw. Ndani anamkuta kijana mchafu, asiyejua kusoma, anayetumikishwa shambani. Jina la kijana huyo ni Hareton Earnshaw. Nyumba ilitoka mikononi mwa baba yake kwa kamari na rehani, ikaingia mikononi mwa Heathcliff, na mrithi akalelewa kama kibarua chini ya jina lake mwenyewe. Baadaye, katika kitabu hichohicho, kijana anasimama mbele ya ule mlango na kumwambia binamu yake kwa fahari kwamba sasa anaweza kuyasoma maandishi yale. Anayasoma silabi kwa silabi, jina lote. Binti anamuuliza, na tarakimu? Anajibu kwamba hizo bado hajazijua. Binti anamcheka. Wewe usicheke, andika ukurasa huo katika safu ya tatu, kisha endelea kusoma uone ni nani atakayekuja kumfundisha zilizobaki.